HATI YA BIMA YA GARI: KUIPATA, KUISOMA, NA KUIPATA TENA IKIPOTEA

(Somo kwa madereva na kwa vikundi vya masomo)



Katika somo la toleo hili tutazungumzia karatasi ambayo dereva huibeba kila siku ya kazi, lakini ambayo wengi wetu hatujapata kuisoma mpaka mwisho. Karatasi hiyo ni hati ya bima ya gari; barabarani tumezoea kuiita asiransi. Somo hili linawahusu madereva kwanza, lakini si wao peke yao. Mtu anayetembea kwa miguu, mama anayepanda basi na mtoto wake, na fundi anayepanda pikipiki kwenda kazini, wote wataihitaji karatasi hiyo siku ya ajali, ingawa hawaibebi.

Tumechukua Kacyiru kuwa mfano wetu. Kacyiru, katika Wilaya ya Gasabo, ni mahali pa maofisi. Huko kuna wizara, balozi, mashirika ya nchi za nje, hospitali, na Makao Makuu ya Polisi ya Taifa. Kila asubuhi barabara zake hujaa magari ya maofisi, mabasi na pikipiki za abiria. Sehemu kubwa ya watu walioshika usukani hawaendeshi mali yao. Mmoja anaendesha gari la ofisi, mwingine gari la mkubwa wake binafsi, na mwingine pikipiki ya tajiri ambaye anampelekea hesabu kila jioni. Hapo ndipo penye jambo la kutazama: mwenye gari ndiye anayelipa bima, lakini dereva ndiye anayesimamishwa barabarani. Dereva asiyejua kuisoma hati ya bima anabeba hatari ya mtu mwingine bila kujua.

1. BIMA YA LAZIMA NI NINI?

Bima ni mkataba. Mwenye gari analipa ada kwa kampuni ya bima, na kampuni inakubali kubeba hasara fulani kwa muda fulani. Ziko bima nyingi, lakini moja tu ndiyo sheria inamlazimisha kila mwenye chombo cha moto kuwa nayo. Hiyo ni bima ya madhara ambayo gari lake linaweza kuwaletea watu wengine. Wengine huiita bima ya mtu wa tatu: wa kwanza ni mwenye gari, wa pili ni kampuni, na wa tatu ni yule aliyeumizwa au aliyeharibiwa mali.

Katika Rwanda bima hii ilifanywa ya lazima kwa amri yenye nguvu ya sheria Na. 32/75 ya tarehe 7 Agosti 1975. Mwaka huo huo ndipo ilipoanzishwa kampuni ya SONARWA, na mwaka 1984 ikaja SORAS. Leo kampuni ni nyingi zaidi. Rwanda haikuwa ya kwanza. Uingereza ilikuwa imeweka lazima hiyo kwa sheria ya mwaka 1930, na Kenya na Tanganyika zikaifuata wakati wa ukoloni.

Sababu ya lazima hii ni rahisi kuielewa. Gari linaweza kumvunja mtu mguu kwa sekunde moja, na gharama ya mguu huo ikawa kubwa kuliko mshahara wa dereva wa miaka mingi. Kama malipo yangetegemea mfuko wa dereva, majeruhi asingepata kitu, na dereva angeuza hata shamba la wazee wake. Kwa hiyo sheria inataka fedha ziwe zimeandaliwa kabla ya ajali. Hati ya bima ni ushahidi kwamba zimeandaliwa.

Yafaa dereva afahamu pia kile ambacho bima ya lazima hailipi. Hailipi matengenezo ya gari lenyewe. Kwa hayo mwenye gari hununua bima kubwa zaidi. Na jambo ambalo wengi hawalijui: dereva mwenye kosa akiumia yeye mwenyewe, bima hii haikuwekwa kwa ajili yake. Yeye si mtu wa tatu. Kinachomlinda dereva aliyeajiriwa anapoumia kazini ni mfuko wa ajali za kazini wa RSSB, ambao mwajiri peke yake huuchangia asilimia 2 ya mshahara. Dereva ambaye hajaandikishwa RSSB anaweza kuendesha gari lenye bima safi kabisa na bado yeye mwenyewe akawa hana kinga yoyote.

2. KARATASI ZINAZOCHANGANYWA

Ndani ya gari kuna karatasi nyingi, na mara nyingi zimefungwa pamoja katika mfuko mmoja wa nailoni. Tuzitenge moja moja.

(a) Mkataba wa bima. Huu ni maandishi marefu yenye masharti yote. Kwa kawaida hukaa ofisini au nyumbani kwa mwenye gari. Dereva haubebi, lakini ana haja ya kujua masharti yake makubwa, hasa nani anaruhusiwa kuendesha, na gari limeandikwa kuwa la kazi gani.

(b) Cheti cha bima. Hiki ndicho ushahidi wenyewe, chenye namba ya gari, jina la mwenye bima na tarehe za kuanza na kwisha. Pale kampuni inapotoa stika, hiyo hubandikwa kwenye kioo cha mbele. Stika ni kivuli cha cheti tu.

(c) Stakabadhi ya malipo. Hii inaonyesha kwamba fedha zimelipwa. Lakini si cheti. Mtu anaweza kuwa na stakabadhi ya leo na bima inayoanza kesho.

(d) Karte jone. Hii ni kadi ya gari inayotolewa na Mamlaka ya Mapato (RRA), nayo inaonyesha gari ni la nani. Haihusiani na bima hata kidogo, ingawa bila hiyo huwezi kukata bima.

(e) Kadi ya Njano ya COMESA. Hii ni bima ya kuvukia mpaka. Kwa kuwa "jone" kwa Kifaransa maana yake ni njano, madereva wapya wa safari ndefu huchanganya kadi hizi mbili. Mtu akifika Gatuna au Rusumo akidhani karte jone ya gari ndiyo Kadi ya Njano, safari yake itaishia hapo.

(f) Cheti cha ukaguzi wa gari. Hiki kinasema breki, taa na matairi ni mazima. Nacho si bima.

3. JINSI YA KUIPATA

Anayekata bima ni mwenye gari, au mtu aliyetumwa naye kwa maandishi. Mara nyingi anayetumwa ni dereva mwenyewe, kwa hiyo ni vizuri ajue njia.

Kwanza, chagua kampuni iliyoruhusiwa. Kampuni zote za bima katika Rwanda husimamiwa na Benki Kuu ya Taifa (BNR), ambayo ndiyo hutoa kibali na kutangaza orodha ya kampuni zenye kibali. Wakala naye lazima awe wa kampuni iliyomo katika orodha hiyo. Mtu anayekutana nawe kwenye kituo cha mafuta, akakuuzia bima kwa nusu ya bei, hauzi bima, anauza karatasi.

Pili, chukua kadi ya gari, kitambulisho cha mwenye gari au karatasi za shirika, na cheti cha bima iliyokwisha. Kampuni itauliza gari ni la namna gani, lina viti vingapi, na linafanya kazi gani. Hapa sema kweli. Gari lililoandikwa kuwa la matumizi ya nyumbani, nalo linabeba abiria kwa malipo, halina kinga kamili. Ada itakuwa ndogo siku ya kulipa, lakini siku ya ajali kampuni inaweza kumgeukia mwenye gari na kumdai ilicholipa.

Tatu, chagua muda. Bima hukatwa kwa mwaka mzima au kwa miezi michache. Wenye pikipiki na magari madogo ya biashara hupenda muda mfupi kwa sababu fedha ya mwaka mzima haipatikani kwa mara moja. Hatuwalaumu. Ada ya bima imekuwa mzigo mkubwa kwa waendesha pikipiki. Tarehe 13 Januari 2022, walipoandamana Kigali kupinga matumizi ya mita, gharama ya bima ilikuwa mojawapo ya malalamiko yao. Hata hivyo tufanye hesabu. Bima ya miezi 3 hubadilishwa mara 4 kwa mwaka. Maana yake kuna usiku 4 ambapo chombo kinaweza kulala na bima na kuamka bila bima. Anayekata kwa muda mfupi hana budi kuandika tarehe hizo mahali anapoziona kila siku.

Nne, usiondoke dirishani kabla ya kusoma ulichopewa. Herufi moja ya namba ya gari ikikosewa, cheti hicho ni cha gari jingine. Kosa likionekana pale pale, karani atalisahihisha kwa dakika chache. Likionekana baada ya ajali, litasahihishwa na hakimu.

4. KUISOMA KABLA YA KUWASHA GARI

Dereva mzuri huangalia mafuta, maji na matairi kabla ya kuondoka. Aongeze hati ya bima. Mambo ya kuangalia ni sita:

(1) Namba ya gari kwenye cheti ni ile ile iliyo kwenye plaki na kwenye kadi ya gari?
(2) Jina la mwenye bima ni la mwenye gari wa sasa, au bado ni la yule aliyeliuza?
(3) Bima ilianza tarehe gani, na inakwisha tarehe gani?
(4) Kazi ya gari iliyoandikwa ndiyo kazi linaloifanya?
(5) Idadi ya viti iliyoandikwa inalingana na watu unaowabeba?
(6) Jina la kampuni, namba ya mkataba na muhuri vinasomeka?

Tuchukue mfano. Tuseme dereva wa ofisi moja ya Kacyiru amekabidhiwa gari Jumatatu asubuhi baada ya mwenzake kwenda likizo. Stika iko kwenye kioo na rangi yake inang'aa. Anaondoka kwenda Nyabugogo kupokea wageni. Njiani anamgonga mwendesha baiskeli. Polisi wanapofungua cheti, wanakuta bima ilikwisha Jumapili usiku. Karani wa ofisi anasema fedha zimeshaombwa na zinasubiri saini. Mkubwa anasema dereva alipaswa kuangalia. Dereva anasema alikabidhiwa gari akidhani kila kitu kiko sawa.

Wote watatu wana maneno, lakini mwendesha baiskeli yuko hospitalini. Na katika watu hao watatu, aliyesimama mbele ya polisi ni mmoja tu. Dakika mbili za kusoma cheti zingemwokoa, kwa maana angerudisha ufunguo kabla ya kuondoka. Ndiyo sababu tunasema: siku ya kupokea gari, soma tarehe, uiandike katika kitabu cha safari, na aliyekukabidhi atie saini. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Na kazi ya dereva vivyo hivyo.

Ukitilia shaka karatasi, iulize kampuni yenyewe. Lakini usipige simu kwa namba iliyoandikwa kwenye karatasi unayoitilia shaka, maana mwenye kughushi karatasi hughushi na namba. Nenda kwenye tawi, au tafuta namba ya kampuni mahali pengine, kisha taja namba ya gari na namba ya mkataba. Kampuni huweka habari hizo katika kompyuta, na jibu hupatikana upesi. Kenya na Tanzania zimekwenda mbali zaidi katika miaka ya karibuni: vyeti hutolewa kwa njia ya kielektroniki, na mtu huweza kuhakikisha kwa simu yake kama gari lina bima.

5. IKIPOTEA, IKICHANIKA AU IKIIBWA

Jambo la kwanza la kukumbuka ni hili: karatasi ikipotea, bima haikupotea. Mkataba bado upo katika vitabu vya kampuni mpaka tarehe yake ya mwisho. Kilichopotea ni ushahidi. Kwa hiyo asiyejua asikubali kuuziwa bima mpya wakati ile ya zamani ingali hai. Anachotakiwa kudai ni nakala.

Jambo la pili: usiendelee kuendesha ukitumaini kwamba utajieleza vizuri. Trafiki anahitaji kuona ushahidi. Maelezo matamu si ushahidi. Fuata hatua hizi:

Hatua ya 1. Mwarifu mwenye gari siku hiyo hiyo, kwa maandishi au kwa ujumbe wa simu ambao hutaufuta. Taja saa na mahali ulipogundua.

Hatua ya 2. Toa taarifa ya upotevu kwenye mamlaka inayohusika, upate hati ya upotevu, ile ambayo wengi wetu huiita kwa Kifaransa attestation de perte. Hati hii ina faida mbili. Inaiwezesha kampuni kutoa nakala, na inakulinda ikiwa mtu aliyeiokota ataitumia kwa hila. Kama mfuko mzima umepotea, taja kila karatasi kwa jina lake: cheti cha bima, kadi ya gari, leseni. Ukisahau kutaja moja, itabidi urudi tena.

Hatua ya 3. Mwenye bima, au mtu aliyepewa barua naye, aende kwenye kampuni ile ile iliyotoa bima. Achukue hati ya upotevu, kitambulisho, kadi ya gari au nakala yake, na stakabadhi ya malipo kama ipo. Kampuni nyingine haiwezi kutoa nakala ya mkataba usio wake.

Hatua ya 4. Omba nakala ya cheti. Kampuni huweza kutoza ada ndogo ya kazi ya karatasi. Dai stakabadhi yake. Nakala hiyo iwe na tarehe zile zile za cheti cha kwanza. Nakala haiongezi hata siku moja, wala haipunguzi.

Hatua ya 5. Isome kama ulivyoisoma ya kwanza, mambo yote sita.

Kama cheti kimechanika au kimelowa maji, usikitupe. Vipande vyake vikisomeka, kazi ya kampuni huwa nyepesi. Vivyo hivyo kioo cha mbele kikivunjika: kabla fundi hajakusanya vigae, okoa kipande chenye stika, au kipige picha, ukipeleke ukaombe nyingine. Mafundi wengi hutupa kioo cha zamani siku hiyo hiyo.

Kama kilichoibwa ni gari lenyewe, mambo ni tofauti. Hapo usianze na kuomba nakala. Toa taarifa ya wizi mara moja, kisha mwenye gari aiarifu kampuni, kwa sababu mwizi naye anaweza kusababisha ajali kwa gari hilo.

Na gari likiuzwa? Mnunuzi asidhani kwamba ameuziwa na bima. Jina kwenye cheti ni la mtu mwingine. Waende wote wawili kwenye kampuni kuuliza kama mkataba utahamishwa au utavunjwa. Wengi huahirisha jambo hili mpaka kadi ya gari itoke, na katika siku hizo za kungoja ndipo gari huendeshwa likiwa na bima ya mashaka.

Tahadhari ndogo ambayo haigharimu chochote: piga picha ya cheti kwa simu siku kinapotoka, na nakala ya pili ikae ofisini. Picha haichukui nafasi ya cheti, lakini ina namba ya mkataba, na kwa namba hiyo karani atapata faili mara moja.

6. KUVUKA MPAKA

Madereva wa malori yetu huenda Mombasa kupitia Uganda, na Dar es Salaam kupitia Rusumo. Cheti cha Kigali hakina nguvu upande wa pili wa mpaka. Kwa ajili hiyo kuna Kadi ya Njano. Itifaki yake ilitiwa saini Addis Ababa mwaka 1986, na mpango ukaanza kazi mwaka 1987, wakati jumuiya ya COMESA ilikuwa bado inaitwa PTA. Ulaya walikuwa na mpango wa namna hiyo, Kadi ya Kijani, tangu mwaka 1953.

Kadi ya Njano hutolewa na kampuni iliyokata bima yako ya nyumbani, nayo humlipa mtu wa tatu kwa kufuata sheria ya nchi ulimopata ajali. Juu ya hayo hugharimia matibabu ya haraka ya dereva na abiria wa gari. Tanzania ilijitoa katika COMESA mwaka 2000, lakini ilibaki katika mpango huu, kwa hiyo kadi inakubaliwa huko.

Kabla ya safari angalia nchi zilizoandikwa kwenye kadi, na tarehe yake ya mwisho. Lori linaweza kungoja mzigo bandarini kwa siku nyingi. Kadi inayotosha kwa kwenda inaweza isitoshe kwa kurudi. Na ikipotea ukiwa safarini, usinyamaze mpaka mpakani. Toa taarifa kwa polisi wa mahali ulipo, kisha uwasiliane na mwajiri ili kampuni iliyotoa kadi ifanye mpango wa nyingine.

7. SIKU YA AJALI

Siku ya ajali cheti hufanya kazi yake ya kweli. Majeruhi, au ndugu zake, wana haja ya kuandika mambo manne: namba ya gari, jina la kampuni ya bima, namba ya mkataba, na tarehe. Dereva asiwafiche. Kuwaonyesha cheti si kukubali kosa. Kosa litaamuliwa kwa uchunguzi. Naye mwenye gari aiarifu kampuni yake mapema, kwa maandishi, maana kuchelewa hutia matata.

Je, kama gari halikuwa na bima, au limekimbia bila kujulikana? Zamani majeruhi wa namna hiyo alibaki na kilio chake. Leo katika Rwanda kuna Mfuko Maalumu wa Dhamana, unaojulikana kwa herufi SGF, ulioanzishwa kwa sheria Na. 52/2011 ya tarehe 14 Desemba 2011. Mfuko huu huwafidia watu walioumizwa na magari yasiyojulikana au yasiyo na bima, na pia waliodhuriwa na wanyama wa porini. Wanachama wawaambie majirani zao, kwa sababu wanaohitaji mfuko huu mara nyingi ni maskini, na hawajui kwamba upo.

Lakini mwenye gari asifurahi akidhani mfuko umemlipia. Mfuko ukishamlipa majeruhi humgeukia yule aliyepaswa kuwa na bima. Deni halikufutwa; limebadilisha mdai tu.

8. DEREVA AKIAMBIWA AENDESHE GARI LISILO NA BIMA

Hili ndilo swali zito kuliko yote katika somo hili. Mkubwa anasema: "Nenda tu, ni hapo Kimihurura, utarudi baada ya nusu saa." Dereva anajua bima imekwisha. Akikataa, anaogopa kuitwa mkaidi. Akikubali, anabeba hatari ya gari zima.

Tuseme wazi: amri ya mwajiri haiondoi kosa mbele ya sheria ya barabara. Polisi hatauliza nani alikutuma. Kwa hiyo dereva afanye hivi. Kwanza aseme kwa heshima, mbele ya mtu mwingine ikiwezekana, kwamba bima imekwisha na kwamba yuko tayari kuendesha gari jingine au kwenda kuikata bima hiyo sasa hivi. Pili aandike jambo hilo katika kitabu cha safari pamoja na saa. Tatu, kama shinikizo linaendelea, amwone mjumbe wa wafanyakazi.

Sheria ya kazi Na. 66/2018 ya tarehe 30 Agosti 2018 inaweka njia ya kufuata. Mgogoro huanza kwa wajumbe wa wafanyakazi, wanaojaribu kupatanisha. Wakishindwa, huenda kwa mkaguzi wa kazi wa wilaya, ambaye kwa Kacyiru ni wa Gasabo. Akishindwa naye, huenda mahakamani. Katika kila hatua, kitabu cha safari kilichoandikwa vizuri kina nguvu kuliko kelele.

Wajumbe nao wasingoje mgogoro. Mjumbe mwenye bidii atamwomba mwajiri mambo matatu: orodha ya magari yote na tarehe za bima ibandikwe kwenye chumba cha madereva, bima ikatwe siku 7 kabla ya kwisha kwa ile ya zamani, na faini yoyote inayotokana na karatasi ambazo ni wajibu wa mwajiri isikatwe kwenye mshahara wa dereva. Mambo haya hayagharimu fedha nyingi. Yanataka nidhamu tu, na nidhamu hatudaiwi sisi peke yetu.

MASWALI YA KUJADILI KATIKA KIKUNDI

1. Kila dereva alete cheti cha gari analoendesha, ayapitie mambo sita ya sehemu ya 4. Je, ni vyeti vingapi vina kasoro?
2. Karte jone na Kadi ya Njano ya COMESA zina tofauti gani? Nani hutoa kila moja?
3. Cheti kimepotea siku 10 kabla ya bima kwisha. Wakala anakushauri ukate bima mpya ya mwaka mzima. Utamjibu nini?
4. Jirani yako amegongwa usiku na gari lililokimbia. Utamwelekeza wapi, naye aandike mambo gani?
5. Katika mfano wa dereva wa Kacyiru, kosa ni la nani: dereva, karani, au mkubwa? Kikundi kipendekeze utaratibu ambao ungezuia jambo hilo.
6. Je, wewe mwenyewe umeandikishwa RSSB? Utajuaje?

Majibu ya swali la 1 na la 5 yaandikwe na yapelekwe kwa mjumbe wa mahali pa kazi, ili ayatumie atakapokutana na mwajiri.